Mkeka Hukaguliwa kwa Unyayo

Sogea, ndugu msomaji, kaa hapa karibu nami, maana ninachotaka kukueleza hakihitaji sauti kubwa. Mwezi uliopita tulimzika shangazi yangu Mwamvita, dada wa baba yangu, hapa Sofu, Kibaha. Tulipoingia chumbani kumwosha tulikuwa wanawake wanne, na mwoshaji aliyetuongoza alipogawa kazi, mimi niliomba nikae miguuni. Hakuna aliyeshindana nami. Miguuni ni mahali ambapo watu hupitisha maji na kusonga mbele. Mimi nikachelewa. Nilipitisha kiganja chini ya unyayo wake polepole, kutoka kisigino mpaka vidoleni, kisha nikarudia, mpaka binti aliyeshika ndoo akaninong'oneza, "Mama mkubwa, hapo si pameshatakata?" Nikamwambia, "Pametakata, mwanangu. Naaga tu." Aliniangalia kwa huruma, akadhani ni uchungu wa msiba unaonisemesha. Pale hapakuwa mahali pa kumweleza, kwa hiyo nakueleza wewe.

Mwaka ule nilikuwa na miaka kumi na tisa. Nilitoka Marui, kule Kisarawe, nikaja Sofu kukaa na Shangazi kwa sababu macho yake yalikuwa yanachoka na alihitaji mtu wa kumtungia uzi kwenye shazia, ile sindano nene ya kushonea mikeka. Mikeka ndiyo ilikuwa kazi yake. Nyumba yake ilikuwa ya vyumba viwili na ukumbi mwembamba. Chumba kimoja tulilala, cha pili kililala ukindu, yale majani ya kusukia mikeka. Nasema kililala ukindu kwa sababu hapakuwa na nafasi ya kitu kingine: mafungu ya majani meupe yaliyokaushwa, mafungu ya zambarau na kijani yaliyochemshwa na rangi, na vibunda vya ukili uliokwisha kusukwa, vimeviringwa na kupangwa mpaka kwenye dirisha. Sufuria ya rangi ilikaa mlangoni, na mara mbili nilikaribia kuipikia bada. Tulikula bada ile, ugali wa muhogo, na kisamvu cha nazi, jioni juu ya mkeka wowote ambao haujapata mnunuzi, na Shangazi aliniambia nisiogope kudondosha mchuzi. "Mkeka ambao haujaliwa juu yake," alisema, "haujui kazi yake."

Nilikuja na aibu moja kutoka shambani. Visigino vyangu vilikuwa na magaga. Nimelima mihogo pekupeku tangu utoto, kwenye udongo ule wa Marui unaoshika maji wakati wa masika na kuwa kama tofali kiangazi, na visigino vilikuwa vimepasuka nyufa ndefu zilizoingia rangi ya udongo na kukataa kutoka. Nyumbani hakuna aliyeviona, maana kila mtu alikuwa navyo. Lakini wiki yangu ya kwanza nilikwenda na Shangazi Kwa Mathias kuuza mikeka, pale mabasi yanaposimama, na nilipoinama kutandika bidhaa, kijana mmoja muuza maji akasema nyuma yangu, "Dada, kwenye hizo nyufa mjusi anaweza kupanga chumba!" Wenzake wakacheka. Mmoja akaongeza, "Chumba na sebule!" Nilicheka nao, kwa kuwa sikujua la kufanya. Siku iliyofuata nilinunua soksi pea mbili za kijivu na kuanzia hapo nilizivaa ndani ya viatu vya plastiki, jua liwake au mvua inyeshe. Nililala nazo. Nilifua pea moja nikiwa nimevaa nyingine.

Sasa nikueleze jinsi mkeka unavyokaguliwa, maana bila hilo hutaelewa yaliyotokea. Ukili ni utepe mrefu wa ukindu uliosukwa. Tepe hizo hushonwa ubavu kwa ubavu mpaka zinakuwa mkeka, na kosa hujificha kwenye mshono: fundo la uzi, jani lililojikunja, au mwiba. Ukindu una miba chini ya jani, migumu kama sindano. Huondolewa yote mwanzoni, lakini mmoja huweza kuponyoka. Wasukaji wengine hukagua kwa mkono. Shangazi alitandika mkeka uliokamilika ukumbini, akavua ndala, akafumba macho na kutembea juu yake. Alianza pembe moja, akafuata mshono hatua kwa hatua mpaka mwisho, akageuka na kurudi na mshono wa pili, kama mtu anayelima matuta. Aliposikia kitu chini, alisimama, akakikandamiza kwa kidole gumba cha mguu na kuniita, "Siku, lete shazia." Jina langu ni Sikudhani. Nilimuuliza kwa nini asitumie mikono. Akasema, "Mkono unajua kushona, kwa hiyo unajitetea. Unyayo hauna kesi na mtu." Wanunuzi walimwamini kwa hilo. Pale Kwa Mathias kulikuwa na akina mama waliokataa mikeka ya bei nafuu na kumsubiri yeye.

Jirani yetu alikuwa Mama Kulwa, Msukuma, mke wa mfugaji, aliyeuza maziwa Sofu nzima. Yeye na Shangazi walitaniana kuanzia salamu. Mchana mmoja nilikuwa nimejilaza chumbani, wao wakidhani nimelala, nikamsikia Mama Kulwa akiuliza, "Hivi huyu mtoto wa kaka yako mbona havui soksi? Anaumwa?"

"Ana baridi," Shangazi alisema.

"Baridi? Kibaha hii?"

"Mwache, bwana. Kila mtu ana mahali anapopaficha." Kisha akacheka na kushusha sauti. "Hata mimi miguu hii siku hizi kama si yangu. Nakanyaga chini kama nakanyaga pamba."

"Ni sukari hiyo, Mwamvita. Vidonge unameza?"

"Nameza nikikumbuka."

Nilisikia kila neno, na nililoshika ni lile la soksi tu. Kijana akisikia watu wanamsema, masikio yake huishia pale. Nimejisamehe kwa hilo, lakini ilinichukua miaka.

Kuna jambo jingine nililolikosa, nalo lilikuwa mbele ya macho yangu kila siku. Shangazi hakuweza tena kuinama vizuri kwa ajili ya mgongo. Alipotaka kutawadha alikaa kwenye kigoda uani, nami nikammiminia maji kwa birika. Mikono, uso, kichwa, kisha miguu: nilimwaga juu ya mguu, naye akausugua kwa mguu wa pili, hivi na hivi, akanyanyuka kwenda kuswali. Nilizijua kucha zake na mshipa uliopita juu ya kifundo. Miezi yote ile nilimwosha miguu, na sikuwahi kuuona unyayo wake hata mara moja. Naye pia hakuuona. Tulikuwa watu wasafi wawili, na katikati ya usafi wetu palikuwa na mahali pasipo na mwangalizi.

Baada ya masika, Mama Kulwa alinunua mkeka mkubwa kwa ajili ya wageni wake kutoka Shinyanga. Siku ya tisa alirudi nao begani.

"Hodi! Mwamvita, toka unijibu. Mkeka wako umenichoma!"

"Umekuchoma wapi?"

"Mahali ambapo siwezi kumwonesha fundi."

Shangazi alicheka mpaka akashika ukuta. "Nyie Wasukuma mnakaa kwa kishindo kama mnashusha gunia. Mkeka wangu hauna kosa."

"Hauna kosa? Lete kidole chako, Mzaramo." Akautandika, akapapasa mshono wa tatu. Palikuwa na mwiba wa ukindu, umeshonewa ndani na shina lake, umesimama wima. Ncha yake ilikuwa imevunjika, kimebaki kigutu kikali.

Shangazi aliugusa kwa kidole. Kisha akasema, "Haiwezekani. Nimeupitia mwenyewe. Mara mbili."

"Basi ulipitia wa jirani," alisema Mama Kulwa, lakini alipomwona usoni hakuendeleza utani. Alisema atakuja kuuchukua mkeka ukiwa tayari, akaondoka.

Nilikaa na shazia mkononi nikikifumua kile kipande cha mshono, na swali likanijia taratibu, jinsi yanavyonijia maswali yote. Ncha imevunjika. Imevunjikia wapi? Mama Kulwa alichomwa na kigutu. Kabla yake, mtu aliyepita juu ya mkeka huu pekupeku ni mmoja tu. Nikamtazama Shangazi. Alikuwa amekaa ameikunja miguu chini ya kanga, kama alivyokaa siku zote.

"Shangazi, naomba nione mguu wako."

"Si huu unauona?"

"Chini."

"Astaghfirullah! Nikuinulie unyayo usoni, mtoto wa kaka yangu? Umenikosea nini?"

Labda kwenu si hivyo, basi nikueleze. Kwetu mtu mzima hamwelekezei mwingine unyayo. Ni dharau. Kwenye mkeka wa wageni kila mmoja hukunja miguu yake na kuifunika, na mtoto anayejisahau hupigwa kofi dogo la goti. Shangazi alinilea mwaka ule kwa adabu hiyo, na sasa nilimtaka aivunje mbele yangu. Nilimbembeleza. Akawa mkali. Akaniambia nishone mkeka wa watu. Nikaona machozi yananijaa, na sijui nani aliniongoza, nikakaa chini kwenye sakafu mbele yake, nikavua viatu, nikavua soksi, nikamnyooshea miguu yangu yote miwili, nyayo zikimtazama.

"Basi tuaibike wote," nikasema.

Hakunipiga kofi la goti. Aliangalia kwa muda mrefu. Kisha akakichukua kisigino changu cha kulia, akakipakata kiganjani kama mtu anavyopokea yai, na kupitisha kidole kwenye nyufa, ufa mmoja baada ya mwingine.

"Kumbe hiki ndicho ulichokuwa unakivalia soksi?"

"Ni kibaya, Shangazi."

"Nani kasema? Hiki ni cha baba yako. Kabla yake kilikuwa cha mama yetu. Ona kilivyo kipana, kimetulia chini kama kinu." Akakigeuza kwenye mwanga wa mlango. "Na huu udongo mwekundu humu ndani ni wa bondeni, karibu na ule mfereji. Nimelima pale kabla hujazaliwa. Unajua kwa nini kimepasuka? Kimebeba. Kila hatua uliyoipiga, kilifika chini cha kwanza."

Hakuna mtu aliyewahi kuugusa unyayo wangu kwa namna ile. Nilitazama na mimi, na kwa mara ya kwanza niliona jinsi mistari inavyoanzia pembeni na kuelekea katikati, yote kwa mpangilio, kama ukili unaoanza kusukwa. Kisha Shangazi akashusha pumzi, akavuta kanga, akanipa mguu wake wa kushoto.

Ngozi ya kisigino ilikuwa ngumu na ya manjano. Katikati palikuwa na tundu dogo jeusi, na kulizunguka pamevimba na kung'aa. Palikuwa na harufu. Niliweka kidole gumba pembeni ya tundu, nikabonyeza, kwanza kidogo, kisha kwa nguvu. Usaha ukatoka.

"Inauma, Shangazi?"

Alikuwa akiangalia mlangoni. "Umeshaanza kubonyeza?"

Nilikimbia kumwita Mama Kulwa. Alikuja na baiskeli ya mumewe, ile ya kubebea madumu ya maziwa, tukampandisha Shangazi nyuma, mimi nikimshika kiuno na Mama Kulwa akisukuma mpaka hospitali, njia nzima akisema, "Jamani maziwa ya leo ni mazito!" ili Shangazi acheke asituone tulivyoogopa. Daktari alisafisha jeraha akatoa ncha ya mwiba, ndogo kuliko punje ya mchele. Akatueleza bila kuficha kwamba sukari ilikuwa imezifisha fahamu za miguu, ndiyo maana hakusikia. Akasema watajitahidi, lakini uchafu ukishuka kwenye mfupa itabidi mguu ukatwe ili mtu abaki. Shangazi alimsikiliza, kisha akauliza kwa utulivu, "Na nikiwa na mguu mmoja, mwanangu, mkeka nitaupitiaje?" Daktari hakuelewa swali. Mimi nililielewa, nikatoka nje.

Ilifuata miezi minne ya kidonda. Muuguzi mmoja alinifundisha kukisafisha, na nyumbani nilifanya hivyo kila asubuhi baada ya chai. Nataka ujue kwamba kazi ile, ambayo ukiisikia unaweza kukunja uso, ndiyo iliyonipa macho. Ukikaa na unyayo wa mtu kila siku unaanza kuujua. Niliujua mto laini chini ya kidole gumba, ambao Shangazi aliutumia kubania kichwa cha ukili anaposuka, na alama iliyobaki hapo kama pete. Niliujua uvungu, ile sehemu ya katikati isiyogusa chini, ngozi yake nyororo kama ya mtoto, kana kwamba yenyewe haikuzeeka pamoja na mwenyewe. Nilikuwa nikimsimulia ninachokiona kwa sababu yeye hakukiona. "Leo pembeni ni pekundu kidogo." "Leo pamepungua." Naye alinisikiliza kama mtu anayesikiliza habari za ndugu aliye safarini.

Katikati ya miezi hiyo palikuwa na mkeka wa harusi ulioagizwa zamani. Tuliumaliza, yeye akisuka kitandani, mguu juu ya mto, nami nikishona. Ulipokamilika tukautandika sakafuni chumbani, tukatazamana. "Vua," akasema. Nikavua, nikafumba macho, nikatembea kutoka pembe moja mpaka nyingine.

"Umesikia nini?"

"Sijasikia kitu."

"Unakanyagia kisigino. Kisigino ni mbeba mizigo, usimuulize habari za uzi. Jikunje, utembee kwa uvungu na ukingo wa nje, uuviringishe mguu. Taratibu. Hufukuzwi."

Nilijaribu. Nilionekana kama bata mgonjwa, naye alicheka mpaka kitanda kikalia. Lakini kwenye mshono wa tano kitu kidogo kiliniingia katikati ya unyayo, kitu ambacho jicho lisingekiona. Nikasimama. "Hapa." Akanituma nilete shazia, akaning'inia pembeni ya kitanda, akapapasa kwa kidole. Lilikuwa fundo la uzi. Alilikata, akarudi kwenye mto, akafumba macho muda kidogo. "Haya," akasema, "endelea. Imebaki mishono sita."

Siku daktari alipofungua bandeji na kusema kidonda kimefunga, mguu hautakatwa, mimi nililia na Shangazi hakulia. Aliomba kioo. Muuguzi akakilaza chini, Shangazi akauelekeza unyayo juu yake na kujitazama. Palikuwa na kovu la mviringo katikati ya kisigino. "Kumbe ulikuwa hapo wewe," aliuambia, "mimi nakutembelea tu." Fahamu hazikurudi. Alivaa viatu vilivyofungwa tangu siku hiyo mpaka mwisho wa maisha yake, hata ndani, na tulipokwenda Marui kukata ukindu baba alimpokea njiani akisema, "Dada, umekuwa bibi harusi? Vua basi ukanyage kwenu!" Alimjibu, "Nikikanyaga sitajua kama ni kwetu au kwa watu. Nipite hivi hivi." Mimi nilikuwa nyuma yake nimevaa ndala, visigino vyangu nje, na kila mkeka uliouzwa nyumbani kwetu tangu mwaka ule umepita chini ya miguu yangu.

Alivaa viatu hivyo kwa miaka mingi, na kila jioni mmoja wetu pale nyumbani alimvua na kumwangalia. Ndiyo maana nilichelewa kule chumbani tulipomwosha. Kovu lilikuwa palepale, na nyayo zake zilikuwa mbili.

Basi nisikilize sasa, maana hili unaweza kulifanya leo kabla ya chakula cha jioni. Mtafute mtu mzima wako, hasa mwenye sukari. Kaa chini kuliko yeye, umwombe akupe mguu. Akikataa kwa adabu, vua viatu vyako kwanza. Upakate kisigino kiganjani, utazame unyayo wote kwenye mwanga, upitishe kidole kati ya kila kidole na mwenzake, ubonyeze taratibu, na umuulize anasikia nini. Usiulize huku umeuangalia mguu, mwangalie usoni. Ukiona tundu, malengelenge, uvimbe au wekundu, hata kama anasema hakuna maumivu, usipake chochote wala usisubiri: mpeleke hospitali kesho asubuhi. Usipoona kitu, mrudishie kiatu chake, na kesho umwombe tena.